Umoja Usiofuta Wingi

Katika sarufi ya Kiswahili, neno umoja ni kinyume cha wingi. Mwanafunzi anayeanza kujifunza lugha hii hukutana nalo mapema: mtu ni umoja, watu ni wingi, kitu ni umoja, vitu ni wingi. Mwanafunzi huyo akitoka darasani siku ya sikukuu ya taifa na kuketi uwanjani, atamsikia kiongozi akihimiza umoja, na hapo neno lile lile limekwisha kubadili sura. Umoja wa Mataifa si taifa moja. Umoja wa Afrika si nchi moja. Umoja wa wafanyakazi si mfanyakazi mmoja aliyeketi peke yake. Umoja wa namna hii hauwezi kuwapo pasipo wingi, kwa kuwa hakuna anayeweza kuungana na nafsi yake mwenyewe.

Nimeanza na sarufi kwa sababu ninataka kuzungumzia fundisho la kale ambalo hadi leo lina wafuasi wengi, nalo ni hili: kwamba vyote vilivyopo ni kimoja, na tofauti tunazoziona kati ya mtu na mtu, kati ya mti na jiwe, kati ya mimi na wewe, ziko juu juu tu. Fundisho hili linavutia, hasa kwa vijana. Limewaliwaza wengi waliochoshwa na magomvi ya dini, kabila na rangi. Sisemi kwamba ni la uongo. Mwalimu wa lugha hana mizani ya kupimia kiini cha ulimwengu. Ninachosema ni kwamba raia hana budi kuliuliza swali moja kabla ya kulipigia makofi: umoja huu ni upi, ule wa sarufi unaofuta wingi, au ule wa watu unaouhitaji?

Tutazame kwanza fundisho lenyewe. Halikuzaliwa katika bara moja. Katika karne ya 5 kabla ya Kristo, Parmenides wa mji wa Elea, kusini mwa Italia ya leo, alifundisha kwamba kilichopo ni kimoja, hakizaliwi wala hakifi, na mabadiliko tuyaonayo ni maono ya kudanganya. Ibn Arabi, aliyezaliwa Murcia, Hispania, mwaka 1165 na kufariki Dameski mwaka 1240, aliandika mengi ambayo wafuasi wake waliyakusanya chini ya jina la wahdat al-wujud, yaani umoja wa kuwapo. Msemaji wa Kiswahili ataisikia humo sauti ya maneno aliyoyazoea, kama vile wahedi na tauhidi, lakini asichanganye mambo. Tauhidi inasema Mungu ni mmoja. Fundisho hili jingine linasema, kwa namna fulani, kwamba kuwapo kwenyewe ni kumoja. Wanazuoni wengi wa Kiislamu, akiwamo Ibn Taymiyya, walilipinga kwa hoja kwamba linaondoa mpaka kati ya Muumba na viumbe vyake. Huko Amsterdam, katika karne ya 17, Baruch Spinoza alifundisha kwamba kuna kiini kimoja tu, ambacho waweza kukiita Mungu au maumbile, na kwamba sisi sote ni namna mbalimbali za kiini hicho. Huyu wa mwisho tutamrudia.

Nchi iliyolikuza fundisho hili kwa kina zaidi ni India, na hapo ndipo nataka tukae kitambo, kwa kuwa India pia ndiko lilikopitia mtihani mgumu wa kiraia.

Shule ya falsafa iitwayo Advaita, jina linalomaanisha kutokuwa na uwili, ilipata umbo lake mashuhuri kwa Shankara, mwanafalsafa ambaye wanahistoria wengi humweka katika karne ya 8. Kwa maneno mafupi, fundisho lake ni kwamba nafsi iliyo ndani kabisa ya kila kiumbe, iitwayo atman, si kitu mbali na Brahman, uhalisi wa mwisho. Mtu anayejiona kuwa mbali na mwenzake ni kama aliyeona kamba gizani akadhani ni nyoka. Taa ikiletwa, nyoka hayupo, na kumbe hakuwapo tangu mwanzo.

Yapo masimulizi ya jadi yanayosema kwamba siku moja huko Kashi, mji ambao leo unajulikana zaidi kama Varanasi, Shankara alikutana njiani na mtu wa tabaka la chini kabisa, wale walioitwa Chandala, akaamriwa apishe njia. Mtu yule akauliza: Ni nani unayetaka apishe? Ni mwili, ilhali miili yetu imetokana na chakula kile kile? Au ni nafsi, nawe unafundisha kwamba nafsi ni moja? Masimulizi yanasema Shankara aliinama mbele yake akamkiri kuwa mwalimu.

Hayo ni masimulizi. Maandishi nayo yana lao la kusema. Katika ufafanuzi wake wa Brahma Sutra, Shankara huyo huyo alikubaliana na waliosema kwamba Mashudra, watu wa daraja la nne, hawana haki ya kujifunza Veda. Yawezekanaje mtu aseme nafsi zote ni moja, kisha amfungie mwenzake mlango wa elimu? Jibu limo katika falsafa yenyewe, inayotenga ngazi mbili za ukweli. Katika ngazi ya juu hakuna tofauti yoyote. Katika ngazi ya maisha ya kila siku, tofauti zinabaki na sheria zake zinabaki. Kwa hiyo iliwezekana kukiri asubuhi, katika tafakuri, kwamba wewe na mfagiaji wa choo ni kitu kimoja, na mchana kumkataza mfagiaji huyo asiguse kisima chako. Fundisho halikuvunjwa na ukatili huo. Liliupitia juu, kama ndege apitaye juu ya shamba linaloungua.

Watu wawili wa India hiyo hiyo walilileta fundisho hili chini, kila mmoja kwa njia yake.

Wa kwanza ni Narayana Guru wa Kerala, aliyefariki mwaka 1928. Alizaliwa katika jamii ya Waezhava, ambao hawakuruhusiwa kuingia katika mahekalu ya watu wa tabaka la juu. Alikuwa mfuasi wa Advaita kwa moyo wote. Hakulitupa fundisho la umoja, alilitaka litimize ahadi yake. Mwaka 1888, mahali paitwapo Aruvippuram, alilitoa jiwe katika mto Neyyar akaliweka wakfu kama ishara ya Shiva, kazi ambayo kwa desturi ilikuwa haki ya Mabrahmani pekee. Inasimuliwa kwamba alipoulizwa kwa hasira alikopata ruhusa, alijibu kwa upole kwamba Shiva aliyemweka ni wa Waezhava tu. Jibu hilo lilikuwa na mwiba ndani yake: ikiwa mnasema Mungu ni mmoja, mbona mnataka awe wenu? Mwaka 1903 kikaundwa chama, SNDP Yogam, naye akiwa rais wake, kikapigania shule, kazi na njia kwa ajili ya watu wake. Kati ya mwaka 1924 na 1925 watu waliandamana Vaikom wakidai jambo dogo mno kwa masikio ya leo, yaani ruhusa ya kutembea katika barabara zinazozunguka hekalu. Mwaka 1936 dola ya Travancore ilitangaza kwamba mahekalu yake yako wazi kwa Wahindu wa matabaka yote.

Wa pili ni B. R. Ambedkar, mwanasheria aliyezaliwa mwaka 1891 katika jamii ya Wamahar, miongoni mwa waliohesabiwa kuwa hawaguswi. Huyu hakuwa na subira na falsafa ya ngazi mbili. Kwake, umoja usiofika kisimani haukuwa umoja. Mwezi Machi mwaka 1927 aliongoza maelfu ya watu hadi bwawa la Chavdar, katika mji wa Mahad. Bwawa hilo lilikuwa mali ya umma, na kisheria lilikwisha kufunguliwa kwa wote, lakini hakuna aliyethubutu. Ambedkar aliinama akateka maji akanywa, na wenzake wakanywa. Kulitokea ghasia na watu wakapigwa. Miaka ishirini baadaye alikuwa mwenyekiti wa kamati iliyoandika rasimu ya Katiba ya India, iliyoanza kutumika tarehe 26 Januari 1950, na ibara yake ya 17 inafuta desturi ya kutogusana na kuifanya kuwa kosa. Mwaka 1956, wiki chache kabla ya kufariki kwake, aliuacha Uhindu akaingia Ubudha pamoja na umati mkubwa wa wafuasi.

Ninawaweka wawili hawa pamoja kwa makusudi. Mmoja aliamini kwamba vyote ni kimoja, mwingine hakuona faida ya kuamini hivyo, lakini wote wawili walitoa swali lile lile mikononi mwa wanafalsafa wakalipeleka barabarani: nani anaruhusiwa kupita hapa? Nani anaruhusiwa kunywa hapa? Maswali haya ndiyo mizani ya kiraia niliyoitaja mwanzoni. Umoja ambao hauwezi kujibu maswali ya maji na barabara ni pambo la maneno.

Sasa turudi nyumbani, maana yamkini msomaji anawaza kwamba haya ni mambo ya ng'ambo. Sisi nasi tuna fundisho letu la umoja wa vyote, na limejengwa juu ya sarufi zetu.

Mwaka 1945, Placide Tempels, mmisionari Mbelgiji aliyeishi Katanga, alichapisha kitabu kuhusu falsafa ya Wabantu, akidai kwamba kwao kuwapo ni nguvu, na kwamba nguvu zote zimefungamana. Mwaka 1956, Alexis Kagame, padri na msomi wa Rwanda, alitoa kitabu chake kuhusu falsafa ya kuwapo kwa kuichambua Kinyarwanda, lugha yake mwenyewe. Kagame alionyesha jambo ambalo kila mwanafunzi wa Kiswahili anaweza kulithibitisha leo jioni kwa daftari na kalamu. Chukua mzizi -ntu. Uvike kiambishi cha watu, upate umuntu. Uvike cha vitu, upate ikintu. Uvike cha mahali, upate ahantu. Uvike cha namna, upate ukuntu. Mtu, kitu, mahali, namna: aina zote za kuwapo zimetoka katika mzizi mmoja. Waganda wanasema omuntu, ekintu, awantu. Kiswahili kimedondosha ile n, kikabaki na mtu, kitu na utu. Na kwa mahali kiliazima neno kutoka Kiarabu, kisha kikalipa upatanisho wake cha kale: mahali pale, mahali humu, mahali kule.

Kagame mwenyewe alikuwa mwangalifu. Hakusema kwamba Mungu ni mojawapo ya hivyo vyenye -ntu. Waliomfuata hawakuwa waangalifu kiasi hicho. Wako waliouchukua mzizi ule wakaufanya kuwa nguvu moja inayopita katika ulimwengu wote, na kutoka hapo wakaruka hatua nyingine kubwa zaidi: kwa kuwa kuwapo ni kumoja, basi Waafrika nao huwaza wazo moja. Hatua hiyo ndiyo iliyomkera Paulin Hountondji, mwanafalsafa wa Benin. Alipinga dhana kwamba kuna falsafa ya jamii nzima ambayo kila mwanajamii anaibeba bila kuijua, wala hakuna awezaye kuipinga. Kwake, falsafa huanza pale ambapo mtu mmoja anasema jambo, mwenzake akasema hapana, na wote wawili wakatoa hoja zao. Hapa kwetu Uganda, Okot p'Bitek naye alimkosoa Tempels kwa ukali. Kijiji ambacho wote wanakubaliana daima hakijapata kuwapo katika Afrika, wala penginepo. Wazee wetu wasingekuwa na haja ya kukaa barazani kutwa nzima lau wote wangekuwa na wazo moja.

Mimi naongeza hoja ya mwalimu wa sarufi. Mzizi -tu ni mmoja, naam, lakini je, umewahi kuusikia ukisema kitu ukiwa peke yake? Huwezi kuita njiani "tu!" ukatarajia mtu ageuke. Mzizi hauna sauti mpaka uvae kiambishi, na kiambishi ndicho kinacholeta tofauti. Tena lile neno "tu" linalosimama peke yake katika Kiswahili lina maana nyingine kabisa. Lina maana ya pekee, kama tunaposema "yeye tu". Na lina maana ya sisi kuwa, kama tunaposema "sisi tu wanafunzi". Hapo ndipo lugha yetu inapotoa hekima ambayo vitabu vingi vimeikosa. Mswahili akitaka kutangaza umoja na wenzake husema: sisi tu wamoja. Lile neno moja, ambalo kwa asili yake ni namba isiyo na wingi, limevishwa kiambishi wa- cha wingi. Tu wamoja. Sarufi imekataa kuufuta wingi hata pale umoja unapotangazwa.

Laiti wanasiasa wetu wangejifunza sarufi hiyo. Katika miaka ya 1960 na 1970 fundisho la umoja liliingia ikulu katika nchi nyingi za Afrika. Ghana ilifanywa kuwa ya chama kimoja mwaka 1964, Tanzania mwaka 1965. Hapa Uganda, vyama vingine vyote isipokuwa kile kilichokuwa madarakani vilipigwa marufuku Desemba 1969. Katika Zaire, Mobutu alianzisha chama chake mwaka 1967, akakifanya kuwa cha pekee, na kila raia akahesabiwa kuwa mwanachama tangu kuzaliwa. Hoja iliyotolewa ilikuwa na harufu ya falsafa: ati mila ya Kiafrika haijui wakuu wawili katika kijiji kimoja, ati upinzani ni jambo la kigeni. Hebu pima hoja hiyo. Ukiambiwa kwamba wewe ni mwanachama hata kabla hujajua kutembea, basi kukubali kwako hakuna thamani, kwa kuwa hukuulizwa. Umoja ambao huwezi kujitoa ndani yake ni jela iliyopakwa rangi nzuri.

Haki inanilazimu kusema pia upande wa pili, maana kuna hatari nyingine, nayo ni mbaya zaidi. Ikiwa wapo wanaoughushi umoja, wapo pia wanaoukana kabisa. Kabla na wakati wa mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi nchini Rwanda mwaka 1994, redio na magazeti ya chuki yaliwaita watu inyenzi, yaani mende. Waliofanya hivyo na waliofanyiwa walizungumza lugha moja, waliishi katika vilima vile vile, na wengi wao walisali katika makanisa yale yale. Mwaka 2003 Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa Rwanda, iliyoketi Arusha, iliwatia hatiani watu waliohusika na vyombo hivyo vya habari. Jirani wa karibu hatakiwi kusahau mafunzo mawili yanayotoka hapo. La kwanza ni kwamba kufanana hakutoshi: lugha moja na mila moja havikuzuia damu. La pili ni kwamba uovu ule ulianza kwa kumvua mtu kiambishi chake. Aliyekuwa umuntu alipewa jina la mdudu, na baada ya hapo mkono ulioshika panga haukuona kuwa unamkata mtu.

Hapo ndipo ninapolithamini fundisho la umoja, na sitaki msomaji aondoke akidhani nalidharau. Linapotukumbusha kwamba yule nisiyemjua, mwenye jina nisiloweza kulitamka, ana mzizi ule ule wa utu nilio nao, linafanya kazi ambayo hakuna sheria iwezayo kuifanya peke yake. Methali yetu moja fupi inasema: Mtu ni watu. Maneno matatu, na ndani yake umoja na wingi vimekaa pamoja bila kimoja kukimeza kingine.

Kuna watakaonipinga. Watasema: mwalimu, nchi zetu ni changa, zina makabila mengi, na palipo na sauti nyingi huzuka vita, afadhali sauti moja, hata kama si yangu. Siipuuzi hofu hii, kwa kuwa wanaoitoa wengi wao wameona moto. Nitawajibu kwa mfano kutoka kwa jirani yetu Tanzania. Mwaka 1991 iliundwa tume chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali kuwauliza wananchi kama wanataka kuendelea na chama kimoja au kuingia katika vyama vingi. Takribani asilimia 80 walisema chama kimoja kiendelee. Takribani asilimia 20 walitaka vyama vingi. Kwa hesabu ya kawaida mjadala ulikuwa umekwisha. Tume ilipendekeza vyama vingi, na mwaka 1992 sheria ikabadilishwa. Tunajua methali isemayo wengi wape. Tume ile ilitambua kwamba wachache nao wana chao, na kwamba haki ya kuwaza tofauti haipigiwi kura. Nchi haikusambaratika kwa uamuzi huo.

Na hapa nimkumbuke Spinoza, kama nilivyoahidi. Jumuiya yake ya Kiyahudi huko Amsterdam ilimtenga mwaka 1656, akiwa na umri wa miaka 23. Maisha yake yaliyobaki aliyapitisha akisugua lenzi za vioo na kuandika. Angeweza kusema: kwa kuwa vyote ni kimoja, na mimi nimeuona ukweli huo, basi wote na wawaze kama mimi. Alisema kinyume chake. Katika kitabu alichokitoa mwaka 1670 bila kuweka jina lake, alitetea kwamba dola iliyo salama ni ile inayomwachia kila mtu kuwaza apendavyo na kusema awazalo. Mtu aliyeamini kwa dhati kuliko wengi wa zama zake kwamba uhalisi ni mmoja ndiye aliyetetea kwa nguvu haki ya kutofautiana. Kwa hiyo fundisho la umoja halilazimishi udikteta. Wanaolitumia hivyo wamechagua wenyewe.

Mwanafunzi wangu, huenda unajiuliza haya yanakuhusu nini wewe unayehangaika na ngeli na vitenzi. Yanakuhusu sana, kwa kuwa lugha unayojifunza nayo imeitwa lugha ya umoja. Julai 2022 Baraza la Mawaziri la Uganda liliidhinisha Kiswahili kuwa lugha rasmi na kifundishwe kwa lazima shuleni. Rwanda ilikwisha kukifanya lugha rasmi mwaka 2017. Mimi ninayekula kwa kazi hii ninafurahi. Lakini nasema wazi: tukikifundisha Kiswahili kwa kuzidharau Luganda, Acholi, Ateso au Runyankole, tutakuwa tumechagua umoja wa sarufi na kuuacha umoja wa watu. Bibi na babu zetu katika shule nyingi za Afrika Mashariki walivishwa kibao shingoni kwa kosa la kusema lugha ya mama zao. Kibao kile kikirudi kwa jina la Kiswahili kitakuwa kibao kile kile. Lugha iliyokusanya maneno ya Kibantu, Kiarabu, Kihindi, Kireno, Kiajemi na Kiingereza, na ikasimama imara kwa sababu hiyo, haiwezi kuwa silaha ya kuua lugha nyingine bila kujisaliti yenyewe.

Basi mtu yeyote akikujia na fundisho kwamba sote ni kitu kimoja, awe mwanasiasa, mhubiri, mwanafalsafa au rafiki mtandaoni, msikilize kwa adabu, kisha muulize mambo matatu. Katika umoja wako, ninaruhusiwa kusema hapana? Katika umoja wako, yule wa chini kabisa anakunywa kisima kipi? Na nikitaka kutoka, mlango uko wapi? Akikujibu vizuri, kaa naye mzungumze. Akikasirika, utakuwa umekwisha kupata jibu.

Maswali ya mjadala darasani

1. Eleza tofauti kati ya "sisi ni kitu kimoja" na "sisi tu wamoja". Ni kauli ipi inayoifaa nchi yenye lugha nyingi, na kwa nini?

2. Chukua mzizi wa -tu au -ntu katika lugha ya kwenu. Orodhesha maneno yote unayoweza kuyaunda, kisha uonyeshe kiambishi cha kila neno kinaongeza maana gani.

3. Je, unakubaliana na uamuzi wa Tume ya Nyalali wa kupendekeza jambo lililotakwa na wachache? Tetea msimamo wako kwa aya mbili, na katika aya ya tatu umtetee anayekupinga.